Jina, Kiazi na Jani: Mgimbi wa Kujiotea na Usalama wa Chakula katika Makazi ya Nakivale na Jiji la Mbarara, Uganda

Ikisiri

Mgimbi (Colocasia esculenta) ni mmea wa mabonde yenye maji ambao kiazi chake na majani yake huliwa. Mmea huu hupandwa, lakini pia hujiotea kandokando ya vijito na vinamasi katika sehemu nyingi za Afrika Mashariki. Ukiliwa bila kuandaliwa ipasavyo huwasha kinywa na koo. Makala haya yanaeleza sababu ya kuwasha huko, njia ya kukuondoa, na nafasi ya lugha katika kuihifadhi au kuipoteza njia hiyo pale watu wa asili mbalimbali wanapoishi pamoja, kama ilivyo katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale na katika masoko ya Mbarara. Hoja kuu ni kwamba jina la mmea wa chakula halitoshi kumlinda mlaji. Ushauri ulio salama hutaja mmea, sehemu inayoliwa na namna ya kuiandaa kwa pamoja. Makala yanapendekeza hatua ambazo watunga sera wanaweza kuzichukua, yakisisitiza kuwa mmea wa kujiotea haupaswi kuwa kisingizio cha kupunguza mgawo wa chakula.

Maneno muhimu: mgimbi, mimea ya kujiotea, wakimbizi, istilahi, Nakivale, Mbarara

1.0 Utangulizi

Mipango ya misaada huhesabu chakula kwa kilo za mahindi, maharage na mafuta, au kwa kiasi cha fedha kinachoweza kuvinunua. Mboga iliyochumwa kando ya kijito na kiazi kilichong'olewa bondeni haviingii katika hesabu hiyo. Hata hivyo, mgawo unapopungua, macho ya mpishi huelekea huko. Anachokikuta hutegemea mvua na udongo. Anachoweza kukitumia kwa usalama hutegemea maarifa aliyonayo.

Maarifa ya aina hii hukaa katika lugha. Mtoto huyapokea kwa sentensi fupi za jikoni: hili huchemshwa sana, lile humwagwa maji yake, lile lingine haliliwi kabisa. Maadamu familia inaishi mahali pamoja, jina la mmea na sentensi hiyo huambatana. Watu wanapohama, jina husafiri nao kwa urahisi, lakini mmea unaoitwa kwa jina hilo huweza kuwa mwingine, au mmea ukawa uleule na jina likawa jingine. Mgimbi unafaa kulionyesha jambo hili kwa sababu unaliwa juu na chini, unafahamika na jamii nyingi za ukanda huu, na una madhara kwa asiyejua kuuandaa.

2.0 Nakivale na Mbarara: Watu, Maji na Mgawo

Nakivale ni makazi ya wakimbizi ya zamani kuliko yote nchini Uganda. Yalianza mwishoni mwa miaka ya 1950 na kutambuliwa rasmi mwaka 1960, yakiwapokea Wanyarwanda waliokimbia machafuko yaliyozuka nchini mwao mwaka 1959. Leo yamo katika Wilaya ya Isingiro, karibu na mpaka wa Tanzania. Kabla ya wilaya hiyo kuundwa mwaka 2005 eneo hilo lilikuwa sehemu ya Wilaya ya Mbarara. Makazi yamegawanywa katika kanda tatu, yaani Base Camp, Juru na Rubondo. Wakazi wake ni zaidi ya watu laki moja, wengi wao wakitoka Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, na wengine Burundi, Somalia, Rwanda, Ethiopia na Eritrea.

Sheria ya Wakimbizi ya Uganda ya mwaka 2006 humpa mkimbizi haki ya kufanya kazi na ya kutembea nchini. Kwa hiyo Nakivale haijatengwa na mazingira yake. Bidhaa na watu huenda na kurudi baina ya makazi na Mbarara, jiji kubwa la magharibi mwa Uganda, na wakazi hununua na kuuza pamoja na wenyeji wanaozungumza Kinyankore.

Eneo hili ni sehemu ya ukanda wa wafugaji wenye mvua haba na nyasi ndefu. Lakini ndani yake mna maji. Mto Rwizi hupita Mbarara na kuelekea kwenye mfumo wa maziwa ya Mburo na Nakivale, mfumo ulioorodheshwa mwaka 2006 chini ya Mkataba wa Ramsar kuwa ardhioevu yenye umuhimu wa kimataifa. Vilima vikikauka, mabonde hubaki na unyevu, na huko ndiko mimea kama mgimbi hustawi.

Haja ya chakula cha ziada si ya kubuni. Mwezi Aprili 2020 Shirika la Mpango wa Chakula Duniani lilipunguza mgawo wa wakimbizi nchini Uganda kwa asilimia 30 kutokana na upungufu wa fedha, na Februari 2021 punguzo likafikia asilimia 40. Mwaka 2023 kaya zikapangwa katika makundi kulingana na kiwango cha uhitaji, na zile zilizoonekana kujimudu zikaondolewa katika mgawo. Kila hatua ya namna hiyo huongeza uzito wa swali la nini kinaweza kuchumwa na kuliwa bila madhara.

3.0 Mmea Wenyewe

Asili ya mgimbi ni Asia ya Kusini na Kusini-Mashariki, nao uliingia Afrika zamani sana. Sehemu yake ya chini, ambayo watu huiita mzizi au kiazi, kitaalamu ni shina nene lililojaa wanga. Mizizi halisi ni nyuzi nyembamba zinazoota kutoka katika shina hilo. Juu yake husimama vikonyo virefu vinavyobeba majani mapana yenye umbo la moyo.

Dalili mbili za jani husaidia kuutambua. Kwanza, kikonyo hakishiki ukingo wa jani bali huingia upande wa chini wa bapa lake, mbali kidogo na pengo la umbo la moyo. Pili, maji yakidondoka juu ya jani hukusanyika kuwa matone na kuteleza, kwa sababu uso wake una nta. Jamaa yake mkubwa aliyetoka Amerika ya kitropiki, Xanthosoma, ambaye naye hulimwa Afrika Mashariki, ana kikonyo kinachoshika pale pale penye pengo. Hata hivyo, dalili hizi si uthibitisho kamili. Baadhi ya maua ya mapambo ya ukoo huohuo, kama Caladium, nayo yana kikonyo kinachoingia chini ya bapa, na hayafai kuliwa. Kwa sababu hiyo utambuzi kwa macho, hasa kwa picha peke yake, hauwezi kuchukua nafasi ya mtu anayeufahamu mmea wa mahali hapo.

Kwa lishe, sehemu mbili za mgimbi hazifanyi kazi moja. Gramu 100 za kiazi kibichi hutoa takribani kilokalori 112 na protini kiasi cha gramu 1.5 tu. Gramu 100 za majani mabichi hutoa kilokalori 42, lakini zina protini karibu gramu 5, kalsiamu zaidi ya miligramu 100, vitamini C na viasili vya vitamini A. Kiazi, basi, ni cha kushibisha. Jani ni la kukamilisha mlo. Anayekula kimoja na kuacha kingine hupoteza nusu ya faida ya mmea. Aidha, mchumaji anayekata majani yote kila mara hukipunguzia kiazi nguvu ya kukua, kwa kuwa wanga uliomo chini hutengenezwa juu.

4.0 Kinachowasha na Namna ya Kukiondoa

Ndani ya chembe za mgimbi mna fuwele za oksaleti ya kalsiamu zenye umbo la sindano. Jani au kiazi kibichi kinapotafunwa, sindano hizo huchoma ngozi laini ya kinywa na koo, na protini zilizoambatana nazo huzidisha mwasho. Hata mikono ya anayemenya kiazi kibichi huweza kuwasha. Mbali na fuwele hizo, mmea una oksaleti inayoyeyuka katika maji. Hiyo haiwashi, lakini ikiliwa kwa wingi huzuia mwili kufyonza kalsiamu na huweza kuchangia kutokea kwa mawe ya figo.

Kanuni ya kuandaa hufuata maelezo hayo. Kuwasha huondolewa kwa moto wa muda mrefu: kiazi huchemshwa hadi kilainike mpaka katikati, na majani, ambayo ni afadhali yawe machanga, huchemshwa kati ya dakika 45 na saa nzima. Oksaleti inayoyeyuka hupunguzwa kwa kuchemsha katika maji mengi na kuyamwaga. Kupika au kula majani pamoja na maziwa nako kuna maana ya kikemia, kwa kuwa kalsiamu ya maziwa huishika oksaleti tumboni na kuizuia isiingie mwilini. Katika nchi ya wafugaji kama Ankole, jambo hilo linaweza kuelezwa na kueleweka bila taabu.

Hapa pana kikwazo ambacho vipeperushi vya lishe hukisahau. Saa nzima ya kuchemsha ni saa nzima ya kuni au makaa. Nishati ya kupikia ni haba Nakivale, na ukataji wa miti umekuwa chanzo cha malalamiko kati ya wakimbizi na wenyeji katika makazi mengi ya Uganda. Mpishi aliyebakiwa na kuni chache atashawishika kuipua sufuria mapema, na mwasho utakaofuata utaaminiwa kuwa ni ubaya wa mmea, kumbe ni upungufu wa moto. Kushauri watu wale majani ya mgimbi bila kuzungumzia nishati ni kutoa nusu ya ushauri.

5.0 Mimea Mitatu, Kanuni Tatu

Hatari huongezeka pale kanuni ya mmea mmoja inapohamishiwa kwa mwingine. Mifano mitatu ya karibu inatosha kulionyesha hili.

Mhogo, kama mgimbi, huliwa kiazi na jani. Majani yake huitwa kisamvu katika Kiswahili cha pwani na Tanzania, sombe katika Kiswahili cha Kongo mashariki, na isombe katika Kinyarwanda na Kirundi. Sumu yake ni sianidi, ambayo hutoka pale chembe za mmea zinapovunjwa na kimeng'enya kukutana na dutu inayoibeba. Ndiyo maana kisamvu hutwangwa kwanza, kisha huchemshwa sufuria ikiwa wazi, na sianidi hutoka pamoja na mvuke.

Mgimbi hauna utaratibu huo. Kutwanga majani yake mabichi hakuziondoi fuwele. Kinachofaa ni muda wa kuchemka. Mpishi hodari wa sombe anayeyatwanga majani ya mgimbi na kuyapika kwa muda mfupi atakuwa amefuata kanuni sahihi ya mmea usio huo.

Wa tatu ni viazi vikuu vya mwituni, hasa Dioscorea dumetorum, mmea unaotambaa wenye jani la vijani vitatu. Kiazi chake cha mwituni kina alkaloidi yenye sumu inayoathiri mishipa ya fahamu. Katika nyakati za njaa watu wa sehemu mbalimbali za Afrika wamekila baada ya kukikata vipande vyembamba na kukiloweka kwa siku kadhaa katika maji yanayobadilishwa au yanayotiririka. Kuchemsha kwa saa moja, ambako huutosha mgimbi, hakutoshi hapa, na majani yake si mboga.

Kwa hiyo mhogo hutaka kuvunjwa, mgimbi hutaka moto mrefu, na kiazi kikuu cha mwituni hutaka maji ya siku nyingi. Anayevichanganya vitatu hivi hujiweka katika hatari ambayo hakuna wingi wa mboga unaoweza kuifidia.

6.0 Majina Yanayosafiri

Katika Kiswahili cha pwani mmea huu umeitwa myugwa na kiazi chake jimbi, huku Tanzania bara kiazi kikijulikana zaidi kwa jina la gimbi. Nchini Kenya jina lililoenea ni nduma. Kinyarwanda na Kirundi husema amateke, na Wakongo wengi wa Kivu husema mateke. Waganda husema mayuni. Waethiopia wa kusini hulifahamu zao hilo kwa jina la godere. Kwa upande mwingine, mkimbizi aliyetoka maeneo makavu ya Somalia huenda hajawahi kuupika mmea huu wala hana jina la kuuita.

Wingi wa majina si tatizo kwa wenyewe. Tatizo huzuka pale jina moja linapobeba maana mbili. Msemaji wa Kiswahili Sanifu akiambiwa apike mateke atafikiria kwanza mapigo ya mguu. Jimbi, kwa upande wake, ni jogoo katika baadhi ya lahaja za pwani. Makosa ya namna hii huchekesha na kusahihishwa papo hapo, kwa kuwa kila mmoja hugundua kuwa hajaelewa.

Hatari zaidi ni kosa lisilogundulika. Katika Kiingereza kinachozungumzwa Uganda, gimbi huitwa "yam". Katika kamusi, neno hilohilo hutafsiriwa kuwa kiazi kikuu. Mfasiri wa kipeperushi anayefuata kamusi kwa uaminifu anaweza, basi, kuandika kwamba viazi vikuu vya kujiotea huliwa kiazi na majani baada ya kuchemshwa kwa saa moja. Sentensi hiyo haina kosa la sarufi. Msomaji ataielewa vizuri, na kwa kuielewa vizuri ataweza kuelekezwa kwenye mmea wenye sumu kwa kanuni isiyoufaa. Tafsiri inaweza kuwa sahihi kwa mujibu wa kamusi na ikawa hatari kwa mlaji.

Hapa ndipo Kiswahili kinapokuwa na wajibu. Nakivale, Kiswahili cha Kongo hukutana na Kinyarwanda, Kirundi, Kisomali na Kinyankore, na mara nyingi ndicho lugha ya kati kati ya watu wasiozungumza lugha moja. Katiba ya Uganda, kwa marekebisho ya mwaka 2005, inakitambua Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili, na Julai 2022 Baraza la Mawaziri liliidhinisha kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. Lugha inayopewa nafasi hiyo lazima iwe na majina ya mimea yanayoaminika. Hii haimaanishi kufuta mateke ili kuweka gimbi. Mzungumzaji wa Kiswahili cha Kongo hapotoshwi na neno lake. Anapotoshwa na maandishi yasiyolitambua.

7.0 Mahali pa Kuchuma

Mmea sahihi ulioandaliwa sawasawa bado unaweza kuwa na madhara kama umechumwa mahali pabaya. Mgimbi hupenda mahali ambapo maji hukusanyika, na maji huja na vilivyoyeyuka ndani yake. Mjini Kampala, magimbi yamelimwa kwa miaka mingi katika kinamasi cha Nakivubo kinachopokea majitaka ya jiji. Mto Rwizi nao hupokea maji yanayotiririka kutoka Mbarara kabla ya kuyafikia maziwa. Kuchemsha huua vijidudu na huondoa mwasho, lakini hakuondoi metali nzito ambazo mmea umezifyonza kutoka katika tope. Kwa hiyo kandokando ya mitaro ya mji, gereji na viwanda si mahali pa kuchuma, hata kama majani yake yamenawiri.

Lipo pia suala la sheria. Kanuni za Uganda za mwaka 2000 kuhusu ardhioevu, kingo za mito na fukwe za maziwa hutofautisha shughuli zinazohitaji kibali na matumizi ya jadi ya kujikimu. Mchumaji wa mboga na mkulima anayefyeka kinamasi kizima hawapaswi kutazamwa kwa jicho moja. Njia nyepesi ya kupunguza mvutano ni kuurudisha mmea ulikotoka: kipande cha juu cha kiazi kikiachwa na vikonyo vifupi na kupandwa tena huota. Kipande hichohicho kikipandwa nyumbani, karibu na bomba ambako maji safi humwagika, huipa kaya mboga bila kuingia kinamasini.

8.0 Mapendekezo

Kwanza, kila ushauri wa chakula cha kujiotea utolewe kwa sentensi kamili yenye mambo matatu: mmea, sehemu inayoliwa na namna ya kuiandaa. Orodha ya majina bila maandalizi isichapishwe.

Pili, iandaliwe faharasa ndogo ya mimea ya chakula ya Nakivale na Mbarara, yenye jina la kisayansi, jina la Kiswahili Sanifu, la Kiswahili cha Kongo, la Kinyankore na la lugha nyingine za wakazi. Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki pamoja na vyuo vikuu vya eneo hilo, kikiwamo Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia cha Mbarara, vina uwezo wa kuisimamia. Majina yakaguliwe na wapishi wenyewe kabla ya kuchapishwa.

Tatu, ushauri wa lishe uambatane na mpango wa nishati, kwa mfano majiko yanayotumia kuni chache.

Nne, udongo na maji ya sehemu zinazochumwa vipimwe, na matokeo yatangazwe kwa lugha ambazo wachumaji wanazisoma au kuzisikia.

Tano, na muhimu kuliko yote, mmea huu usihesabiwe kuwa mbadala wa mgawo. Kiwango kinachotumiwa kupanga misaada ya chakula ni kilokalori 2,100 kwa mtu kwa siku. Ili kuzipata kutoka katika magimbi pekee, mtu mmoja angehitaji karibu kilo 1.9 za kiazi kilichomenywa kila siku, na kaya ya watu watano zaidi ya kilo 9. Kiazi hicho huchukua miezi sita hadi mwaka au zaidi kukomaa. Hakuna kinamasi kinachoweza kubeba mzigo huo kwa maelfu ya kaya.

9.0 Hitimisho

Mgimbi wa kujiotea ni nyongeza ya kweli kwa sufuria ya kaya yenye upungufu. Kiazi chake hushibisha na jani lake huleta virutubishi ambavyo mahindi hayana. Lakini faida hiyo humfikia tu anayejua ni mmea upi, ameuchuma wapi na auchemshe kwa muda gani. Katika mahali ambapo watu wa nchi nyingi hukutana kwenye kisima na sokoni, maarifa hayo hayawezi kuachwa yajipitie yenyewe. Kazi ya wanaisimu na ya wataalamu wa lishe hapa ni moja: kuhakikisha kwamba anayesikia jina la chakula husikia pia namna ya kukila salama. Na kazi ya watunga sera ni kuhakikisha kwamba anayelisikia hana budi ya kulitegemea peke yake.